Tarehe Sita Usiku

Mkanda wa gundi ulibanduka na rangi ya ukuta.

Nilikuwa nimesimama juu ya kiti, saa tatu usiku, tarehe 6 Januari, natoa mapambo ya Krismasi, watoto wameshalala. Mkono mmoja nimeegemea ukuta, mwingine navuta nyota ya karatasi ngumu ambayo kitinda mimba wetu aliikata mwenyewe kwa mkasi wake mdogo wa shule, akaipaka gundi, akaimwagia unga wa kumetameta mpaka sakafu ikang'aa wiki nzima. Ilikuwa na ncha tano zisizolingana. Moja ilikuwa fupi, imepinda kama kidole kilichojikunja. Niliivuta taratibu. Vipande vitatu vya mkanda vikaachia vizuri. Cha nne kikang'ang'ania, nikaongeza nguvu kidogo tu, na nyota ikachanika katikati.

Nikaitazama. Nikatazama saa. Nikaikunja, nikaitia kwenye mfuko wa taka pamoja na nyuzi zilizokatika, nikahamia kwenye taa.

Ilipofika saa nne na nusu sebule ilikuwa safi. Mti umekunjwa umerudi kwenye boksi lake, mipira imefungwa kwenye magazeti, sanamu za pango la kuzaliwa Yesu zimelala ndani ya taulo kuukuu. Nikafagia, nikapiga deki, nikaenda kulala na ule utulivu wa mtu aliyemaliza kazi kwa wakati wake.

Mume wangu alirudi nyumbani tarehe 10.

"Mmeshatoa?"

Kazi yake ni ya zamu, na ni ya mbali. Safari hii zamu ilimwangukia Krismasi. Alitakiwa kufika tarehe 4, lakini mwenzake aliyekuwa ampokee akaugua, ikabidi asubiri. Alinipigia simu tarehe 3 akanieleza. Nikamwambia sawa, pole, tutakuona ukifika.

Kwa hiyo nilijua.

Hilo ndilo limenisumbua kwa majuma sasa. Nilijua kwamba baba yao hajauona mti mwaka huu, hajawasha taa hata mara moja, hajaketi nasi jioni yoyote chini ya ile nyota. Na ilipofika tarehe 6 sikusita hata dakika. Kalenda ilisema sita, nami nikapanda juu ya kiti.

Aliingia Jumamosi jioni, watoto wamemng'ang'ania miguu na mikono. Akasimama sebuleni, begi bado liko begani, macho yakaenda kwenye ile kona.

"Mmeshatoa?"

"Tarehe sita, si unajua."

"Aa, kweli." Akatua begi.

Hakusema zaidi, wala usiku ule hakuligusa tena. Lakini kitinda mimba alikuwa na lake. "Baba, nilikukatia nyota. Kubwa hivi." Akanyoosha mikono mpaka ikaishia. Kisha akanigeukia mimi: "Mama, iko kwenye boksi gani?"

Nikamwambia ilichanika nilipokuwa naitoa. Sikumwambia kwamba niliitupa.

Akafikiri kidogo, akauliza, "Gundi haikuwepo?"

Gundi ilikuwepo. Ilikuwa kwenye droo, hatua nne kutoka pale niliposimama.

Kanisani pango bado lipo

Kesho yake tulikwenda kusali wote. Nadhani ningekuwa nimeshalisahau jambo hili kama isingekuwa Jumapili ile.

Pango lilikuwa palepale mbele ya altare. Yosefu, Maria, Mtoto, wachungaji, na Mamajusi watatu ambao mpaka wiki iliyotangulia walikuwa bado wako njiani, sasa wamepiga magoti. Taa zilikuwa zinawaka. Mume wangu alikaa upande wa njia, na kila nilipomwangalia kwa pembeni nilimkuta anatazama kule. Baada ya misa alimchukua mtoto mkono wakaenda kusimama mbele ya pango, wakakaa muda mrefu kuliko kawaida yao. Sijui waliongea nini. Nilibaki kwenye benchi na mkoba mapajani.

Ilikuwa Jumapili ya Ubatizo wa Bwana. Padri alisema, kama anavyosema kila mwaka, kwamba leo ndiyo tunafunga kipindi cha Noeli na kesho tunaanza kipindi cha kawaida. Nimeyasikia maneno hayo tangu utoto. Sijawahi kuyaweka pembeni ya boksi langu la mapambo.

Mimi, mtu wa tarehe sita, mtu wa kufuata utaratibu, nilikuwa nimefunga Krismasi ya nyumbani kwangu siku tano kabla Kanisa halijaifunga.

Tarehe yenyewe ni ipi?

Nilianza kutafuta. Si kwa sababu nilitaka kujitetea. Au labda mwanzoni nilitaka hivyo, nipate mtu wa kuniambia kwamba sita ni sita. Nilichokuta ni kwamba sita si moja.

Hesabu ya siku kumi na mbili ni ya zamani kweli. Mwaka 567 maaskofu waliokutana mjini Tours, katika Ufaransa ya leo, waliandika kwamba siku zote kati ya Noeli na Tokeo la Bwana, sikukuu ya Mamajusi ya tarehe 6 Januari, ni sikukuu. Sawa. Lakini hebu hesabu mwenyewe kwa vidole. Ukianza na tarehe 25 Desemba kama siku ya kwanza, ya kumi na mbili inaangukia tarehe 5 Januari. Ukianza siku inayofuata Noeli, unafika tarehe 6. Wapo wanaotoa mapambo mkesha wa tano, wapo wanaotoa sita yenyewe, na kila upande unaona mwenzake amekosea hesabu. Uingereza kuna imani kwamba anayepitisha usiku huo na mapambo ukutani anajiletea nuksi mwaka mzima. Na bado, katika nchi hiyohiyo, karne ya 17, majani yaliyopamba nyumba za watu yalibaki mpaka mkesha wa tarehe 2 Februari. Nuksi yenyewe ilihamishwa tarehe.

Waswidi wanakwenda mpaka tarehe 13 Januari, siku ya Knut, ya ishirini ukihesabu kuanzia Noeli. Siku hiyo watoto huuvua mti mapambo kwa kucheza na kuimba, ndipo unatolewa nje. Nilisimama sana hapo. Watoto ndio wanaoutoa.

Halafu kuna wanaofuata kalenda ya zamani ya Juliasi, iliyo nyuma ya hii yetu kwa siku 13. Urusi, Serbia, na kwa kalenda yao wenyewe Ethiopia na Wakopti wa Misri, Noeli ni tarehe 7 Januari. Nilipolisoma hilo nilifunga simu kidogo. Usiku ule ambao mimi nilikuwa juu ya kiti nabandua nyota, mamilioni ya Wakristo walikuwa kwenye mkesha wa Krismasi, mishumaa ikiwaka mikononi.

Siku arobaini

Lakini iliyonishika zaidi ni tarehe 2 Februari, sikukuu ya Kutolewa kwa Bwana Hekaluni.

Walawi sura ya 12 inaeleza sheria ya mama aliyejifungua mtoto wa kiume: siku saba, ya nane mtoto anatahiriwa, kisha siku nyingine 33 ndipo mama anakwenda patakatifu. Saba na thelathini na tatu, arobaini. Sasa chukua kalenda ya ukutani. Kuanzia tarehe 25 hadi 31 Desemba ni siku saba. Ya nane ni mosi Januari. Kutoka mosi Januari, hesabu siku 33: Januari nzima siku 31, ongeza mbili. Unafika tarehe 2 Februari sawasawa.

Niliihesabu mara tatu mezani, kwa kalamu, kama mtoto wa shule.

Kwa muda mrefu siku hizo arobaini zote zilihesabiwa kuwa za Noeli. Zilikuwa hesabu ya mama aliyejifungua, hesabu ambayo mwanamke yeyote aliyezaa anaijua mwilini mwake. Nimezaa mara tatu. Hakuna hata mara moja ambapo siku ya kumi na mbili nilikuwa tayari mtu aje kuniambia basi, yamekwisha, kusanya vitu.

Na upande wa pili wa mizani kuna hili: Mtakatifu Fransisko wa Asizi, pale Greccio, Italia, mwaka 1223, alipotengeneza lile hori lenye nyasi, ng'ombe na punda, ambalo mapango yetu yote yanalikumbuka, lilikuwa kwa ajili ya usiku mmoja. Misa ya usiku wa Noeli. Watu walilitazama usiku ule, wakarudi makwao. Hakuna aliyejiuliza litakaa mpaka lini, kwa sababu wote waliokuja kuliona walikuwa wameshaliona.

Nilimpigia mama

Tarehe sita niliirithi kwa mama yangu. Kila mwaka alisema maneno yaleyale: Mamajusi wameshafika, wametoa zawadi zao, wamerudi kwao, na sisi nyumba irudi mahali pake. Tukinung'unika aliongeza, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Nimeyasema hayo kwa wanangu neno kwa neno.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Hamjambo huko? Mwenzio amefika?"

"Amefika. Mama, nilitaka kukuuliza. Kwa nini siku zote tulikuwa tunatoa mapambo tarehe sita?"

Kimya. Kisha nikamsikia anacheka. "Si nilikuwa narudi kazini tarehe saba. Ningeyatoa lini tena?"

"Na Mamajusi?"

"Mamajusi niliwaambia ninyi ili msilie. Mlikuwa mnalia, wewe hasa."

Sikumbuki kulia. Nakumbuka Mamajusi, nakumbuka jembe, nakumbuka harufu ya boksi. Kulia sikukumbuki hata kidogo, na hilo limenifanya nijiulize ni mangapi ambayo wanangu hawatayakumbuka lakini yatabaki kuwaongoza mikono.

Nikamsimulia habari ya nyota, yote, hadi mfuko wa taka. Mama alisikiliza bila kunikatiza. Kisha akasema jambo ambalo sikulitarajia. "Lakini sisi tulikuwa tunatoa pamoja. Hukumbuki? Wewe ulikuwa unanyoosha karatasi za kung'aa kwa kucha, unazipanga kwenye kitabu. Kaka yako anashika kiti. Usiku peke yangu? Hapana. Ningeangukia wapi?"

Halafu akasema, "Mwambie mtoto."

Tarehe nilikuwa nimeihifadhi vizuri sana. Watu waliokuwa wameizunguka nilikuwa nimewaacha njiani.

Mwaka ule wa Majivu

Nisijionee bure. Ukali wangu wa tarehe sita una historia nyingine ambayo mama hayumo.

Miaka michache iliyopita tuliyaacha. Hatukuamua kuyaacha, hakuna aliyeamua lolote. Januari ilikuwa na mambo yake, shule, kazi, mtoto wa kati alikuwa akiugua mara kwa mara, na kila jioni tulisema kesho. Juma la kwanza taa ziliwashwa. La pili ziliwashwa siku moja moja. La tatu mtu alichomoa waya ili achaji simu, na hakuna aliyeurudisha. Mti ukabaki umesimama gizani. Kisha tawi moja lililotokeza likaanza kutundikwa kofia. Kisha sweta. Mipira ikashika vumbi, ile nyekundu ikawa rangi ya tofali.

Jumatano ya Majivu nilirudi kutoka kanisani na alama usoni, nikafungua mlango, nikamkuta malaika juu ya mti na mfuko wa viatu vya michezo umening'inia shingoni mwake.

Sikuona nuksi. Niliona kwamba kwa mwezi mzima tulikuwa tunapita mbele ya kitu tulichokipamba kwa mikono yetu, na hakuna aliyekiona. Mimi naamini pambo linaishi kwa kutazamwa. Ukiacha kulitazama linakuwa fanicha, na hata fanicha tunazifuta vumbi. Siku ile niliyang'oa yote kwa hasira, nikiwa bado na majivu usoni, nikajiapiza kwamba haitatokea tena.

Kwa hiyo tarehe sita ilikuwa dawa. Ilinifaa. Inafaa nyumba nyingi, nadhani, kwa sababu tarehe iliyowekwa inamwokoa mtu na ile kesho isiyofika. Sitaki kuidharau. Anayerudi kazini tarehe saba, mwenye sebule ndogo ambayo mti unaziba njia ya mlango, anayehesabu umeme, wote hao wana sababu za kutosha na hawahitaji Mtaguso wa Tours kuwatetea. Na mwenye mti halisi uliokatwa hana hiari kubwa. Mti huo unakauka hata ukiuwekea maji, na ukikauka unashika moto kwa sekunde chache. Pitisha mkono kwenye tawi lake: majani yakibaki, bado una maji, yakipukutika, utoe leo, wala usisubiri sikukuu ya mtu yeyote. Wetu ni wa plastiki. Hautuambii chochote, unasimama tu. Labda ndiyo maana inatubidi tuamue wenyewe.

Lakini dawa ya mwaka ule niliinywa mwaka huu nikiwa siumwi. Sebule haikuwa imechoka. Taa zilikuwa zinawashwa kila jioni, na aliyeziwasha ni kitinda mimba, saa kumi na mbili na nusu, kabla hata giza halijaingia, kwa sababu alitaka zikute giza badala ya giza kuzikuta.

Nani hajaona

Nilipofika hapo ndipo nilipoacha kutafuta tarehe.

Niliona kwamba kwa miaka yote hii nimekuwa nikiiuliza kalenda swali linalowahusu watu waliomo ndani ya nyumba. Kuna mtu hapa bado anayatazama? Kuna ambaye hajayaona? Mwaka wa Majivu jibu lilikuwa hapana na hapana, tangu katikati ya Januari, na tulipaswa kuyatoa siku hiyohiyo bila kujali imeandikwaje. Mwaka huu jibu lilikuwa ndiyo na ndiyo. Mtu mmoja alikuwa anayatazama kila jioni. Mwingine alikuwa anakuja.

Nina mashaka na kipimo hiki, nayaweka hapa kama yalivyo. Kwanza, kuna siku ambayo atakayekosekana hatakuwa anarudi tarehe 10. Nyumba itakuwa na mtu ambaye hatayaona tena, na kungoja hakutakuwa na maana, na mkono utashindwa kupanda kwenye kiti. Nawajua watu ambao mti wao ulisimama miezi kwa sababu hiyo. Sijui ningewaambia nini. Nadhani nisingewaambia kitu, ningeshika kiti.

Pili, ni rahisi mno kumtwika mtoto uamuzi. Ukimuuliza mtoto kama yatoke, atasema yasitoke milele. Mzazi bado lazima aamue, na aamue akiwa amewatazama.

Na la tatu ni dogo, lakini ndilo linaloniuma zaidi: kwa nini niliyatoa usiku? Hakuna kalenda iliyonituma kufanya hivyo. Tulipoyaweka Desemba tulikuwa wanne sebuleni, muziki unapiga, mmoja ananyoosha matawi, mwingine anajaribu balbu. Kutoa nikakufanya kazi ya usafi, ya mtu mmoja, wengine wamelala, kama vile ni aibu ifichwe. Wanangu watatu hawajawahi kuona mapambo yakitoka. Wao wanajua tu kwamba wanalala yapo na wanaamka hayapo.

Niliyomwambia mtoto

Nilimwambia jioni ya tarehe 20, tukiwa wawili jikoni. Nikamwambia, nyota yako ilichanika, na nikaitupa, na gundi ilikuwepo. Sikuongeza sababu. Nilikuwa nimeziandaa, nikaona hazina kazi.

Alinyamaza. Alikuwa anachora kidole kwenye unyevu wa meza, duara juu ya duara.

"Uliitupa kwa sababu ilikuwa na ncha fupi?"

"Hapana. Niliipenda ile ncha fupi."

"Nilifanya makusudi. Ilikuwa inaelekeza chini, kwa Mtoto."

Sikujua. Majuma matatu ilikuwa juu ya pango na sikuwahi kumuuliza.

"Basi mama," akasema, "wewe usitoe tena. Nitatoa mimi."

Mosi Februari

Wazo la kulitoa pango boksini lilikuwa langu. Mume wangu alilipinga kwanza. "Sasa si itakuwa maigizo?" alisema, na nilielewa. Kuupandisha mti tena Februari, kuwasha taa na kujifanya ni tarehe 25 kwa sababu ya baba aliyechelewa, hilo lingekuwa maigizo kweli, na watoto wangelijua kabla yetu.

Nikamwonyesha ile hesabu yangu ya kalamu. Saba, na thelathini na tatu. Nikamwambia hatuirudii Krismasi, tunaifunga. Bado haijafungwa, imebaki siku moja.

Akaichukua karatasi, akahesabu na yeye.

Jumapili jioni tulitandika kitambaa juu ya meza ndogo, tukawatoa sanamu mmoja mmoja kwenye taulo. Kondoo mwenye mguu uliogundishwa, ambaye husimama tu akiegemea ukuta. Yosefu aliyepoteza rangi kwenye pua. Mamajusi tuliwaacha ndani. Mtoto wa kati alisema wameshakwenda kwao, na hakuna aliyebisha. Taa hatukuweka, isipokuwa mshumaa mmoja, kwa sababu tarehe 2 mishumaa hubarikiwa kanisani na watoto walikuwa wameuomba. Nilimuuliza kitinda mimba kama anataka kukata nyota nyingine, karatasi ninayo.

"Krismasi imeisha, mama," alinijibu, kwa upole kabisa.

Jumatatu usiku mume wangu alisoma Luka sura ya 2, kuanzia mstari wa 22, kuhusu Simeoni, mzee aliyeahidiwa kwamba hatakufa kabla hajaona. Anampakata mtoto, anasema sasa naweza kwenda. Niliwahi kuisoma mara nyingi kama habari ya kungoja. Usiku ule nilimwona mzee aliyekuwa tayari kuondoka, ila mtu fulani alitakiwa kwanza amletee mtoto mikononi.

Mshumaa uliwaka mpaka robo yake. Baba yao alikaa sakafuni, mgongo kwenye kochi, na alilitazama pango muda wote. Hatukuongea sana.

Kisha tukafunga, wote watano, taa ya sebule imewashwa, saa mbili usiku. Mkubwa alifungasha sanamu. Mimi nilikunja kitambaa. Mume wangu alitaka kuzifungua taa za kumetameta ambazo mimi tarehe sita nilizivingirisha mkononi na kuzisukumia ndani, akazinyoosha sakafuni kutoka mlangoni hadi dirishani, akakata kipande cha boksi, akakitia pengo kila upande, akaanza kuzizungusha bila kuzikaza, maana waya ukikazwa unakatikia ndani na huoni mpaka mwaka mwingine. Kitinda mimba alishika ncha yenye plagi na kutembea nayo pole pole kumfuata baba, hatua kwa hatua, waya ukipungua kati yao mpaka wakakutana.

Boksi alilifunga yeye, baba. Juu yake akaandika kwa kalamu nene: NYOTA KWANZA. Kitinda mimba akasoma kwa sauti, akamwambia apunguze mkanda, kwa sababu atakayefungua ni yeye na kucha zake ni fupi.